Siku za Hewa

Kwanza tuliweke sawa jambo moja: Mama Hewa hajawahi kuzaa. Umama alibandikwa na mafundi wenzake wa filamu, na hewa ilitokana na mtindo wake wa kazi, mtindo ambao kila aliyeusikia mara ya kwanza alidhani ni mzaha. Alikuwa mpiga picha wa filamu za hali halisi, zile zisizo na waigizaji wala ngumi, zinazoonyesha watu wa kweli wakihangaika na maisha yao. Kazi hiyo haimpi mtu jina. Filamu ikisifiwa, anasifiwa mwongozaji. Ikiharibika, utasikia mpiga picha alitetemesha mkono.

Aliianzia mbali. Mjomba wake alikuwa na studio ya picha za pasipoti, chumba kimoja chenye stuli, pazia la buluu na dirisha lililotazamana na ukuta mweupe wa jirani. Mwanga uliorudi kutoka ukuta ule ulikuwa laini, ukimfanya hata mtu mwenye sura ya ugomvi aonekane mpole, na mjomba alilijua hilo vizuri, ndiyo maana hakuwahi kununua taa. Pale binti alijifunza kukaa kimya na kuutazama uso wa mtu. Alipokua akaajiriwa kupiga video za harusi, na huko hakudumu. Harusi moja aliwaacha maharusi wakikata keki, akaingia jikoni, akakaa na wanawake waliokuwa wakisugua masufuria huku wakimteta bwana harusi. Video ilipofika kwa wenyewe, keki haikuwemo. Shangazi wa bibi harusi alimfuata mpaka studioni akiwa na maneno ya kuutosha ukoo mzima. Mjomba aliomba radhi kwa heshima zote, mgeni alipotoka akaketi kuitazama ile video ya jikoni mpaka mwisho, kisha akamwambia mpwa wake atafute kazi nyingine, maana ya harusi haimfai.

Aliyemchukua ni mwongozaji mmoja aliyeitwa Chapchap, kwa sababu neno hilo halikumbanduka mdomoni. Chapchap aliamka chapchap, alikula chapchap, na inasemekana alioa chapchap vilevile, ndiyo maana akaachika. Hakuwa mtu mbaya. Aliamini tu kwamba ukweli wa watu ni kitu cha kuwahi, kama basi la asubuhi.

Ule mtindo wa hewa ulizaliwa hospitalini, walipokuwa wakitengeneza filamu juu ya watu wanaosukuma vitanda vya wagonjwa. Msukuma vitanda waliyemchagua alikuwa mcheshi kupindukia, lakini akiiona kamera anakauka kama aliyeitwa na hakimu. Walihangaika naye mpaka Chapchap akaanza kuuma kucha. Ndipo mpiga picha alipochomoa kadi, ile ndogo inayohifadhi picha, akafungua kijimlango cha ubavuni mwa kamera na kumwonyesha yule bwana: tazama, tumbo tupu, napiga hewa tu. Jamaa akachungulia, akacheka, akaendelea na kazi zake na porojo zake, kamera ikimfuata korido hadi korido. Wakapiga hewa siku kadhaa. Alipokwisha kuzoea, asubuhi moja mpiga picha alimwonyesha kadi na kumwambia leo naitia. Yule bwana akajibu itie tu, na hakukauka tena.

Tangu hapo ikawa ndiyo desturi. Kwanza siku za hewa, kisha siku za kadi, na kila mtu aliambiwa waziwazi leo ni siku gani. Na siku za hewa zilikuwa na sharti lake, alilolitamka kwa uso mkavu: utakalosema leo, mimi sijalisikia. Watu wakamtolea ya moyoni. Ndoa zilizooza, watoto wa pembeni, chuki ya ndugu kwa ndugu, vyote vilimwagwa mbele ya kamera isiyo na kitu, na yeye akaviacha palepale vilipomwagwa. Chapchap alilalama kwamba maneno matamu yote yanapotelea hewani, lakini kila alipoona picha za siku za kadi alinyamaza. Nyuso zile hazikuwa zikiigiza.

Mtu pekee ambaye hakuona ajabu yoyote katika mtindo huo ni mama yake mzazi, aliyekuwa akiishi naye. Mama huyo alikuwa amepiga deki wodi za hospitali mpaka alipostaafu, na kazi ya bintiye hakuipenda. Aliiita kazi ya kuchungulia watu. Sharti la hewa tu ndilo alilolikubali. Alisema yeye mwenyewe aliwasikia watu wakifa, na mtu anayekufa husema mambo, na hata neno moja hakulitoa nje ya geti la hospitali. Alilisema hilo kwa majivuno, kama mwingine anavyotaja cheti.

Basi ndivyo mambo yalivyokuwa mpaka ilipokuja filamu ya kiwanda.

Kilikuwa kiwanda cha kushona sare za shule, jengo la ghorofa moja lenye vyerehani safu kwa safu na chumba cha nyuma cha majora ya vitambaa. Moto ulianzia chumba hicho. Wanawake waliokuwa ndani walikimbilia mlango wa nyuma, wakaukuta umefungwa kwa ufunguo, na pale mlangoni ndipo walipokutwa. Kiwanda kilifanya uchunguzi wake, kikatoa kauli: ufunguo wa mlango huo ulikuwa ukishikwa na mkaguzi wa sare, binti mmoja ambaye naye aliteketea humo, na yeye ndiye aliyeufunga. Marehemu hawezi kujibu, kwa hiyo kauli ikasimama.

Aliyebaki kuibeba kauli hiyo ni mama wa yule binti. Alikuwa na duka la dirishani, la sukari, sabuni, viberiti na vocha za simu, katika mtaa uleule walikoishi familia za wenzake na bintiye. Hakuna aliyemtukana. Waliacha tu kununua. Walivuka barabara, wakaenda kununua sabuni mbali, kwa jua lilelile, wakipita mbele ya dirisha lake. Wafiwa walipokutana kuwakumbuka watu wao, mmoja alitumwa kwake na maneno ya adabu kumwomba asihudhurie, ili mioyo itulie. Akakaa nyumbani. Alipoulizwa na Chapchap kwa nini amekubali kupigwa picha, alijibu kwamba anataka mtu mmoja tu aliyekuwa pale kiwandani aseme mwanawe hakufunga mlango. Mengine, fidia na kesi, anawaachia wenye nguvu zao.

Mtu mmoja tu kutoka kiwandani ndiye aliyekuwa akimtembelea mama huyo: msimamizi wa kazi. Mtu mpole, sauti ya chini, kalamu siku zote nyuma ya sikio. Alimpigilia bati lililong'oka, akamletea mifuko ya chumvi na sukari kutoka sokoni ili asijitese na mizigo. Mama alimwita mwanangu. Mama Hewa alipomwona kwa mara ya kwanza, akiwa juu ya ngazi na misumari mdomoni, alimpenda moja kwa moja, na jicho lake halikuwa na mazoea ya kumdanganya.

Sasa, kamera aliyoizoea Mama Hewa ilikuwa na kijimlango kimoja cha kadi. Kwa filamu hii Chapchap alijitutumua akakodi kamera mpya, na kamera mpya ilikuwa na nafasi mbili: moja ubavuni, nyingine chini, nyuma ya kifuniko cha betri, kwa ajili ya kadi ya akiba. Ilikusudiwa kumlinda mpiga picha, ili kadi moja ikifa, nyingine iwe nayo imehifadhi kila kitu. Mama Hewa alielezwa, akaitikia, akasahau. Mtu aliyeshika kamera miaka mingi hasikilizi maelezo ya kamera. Mikono yake inajua, na mikono ikishajua, kichwa hulala. Juu ya hayo, alikuwa na tabia ya zamani ya kuziba ile taa nyekundu ya mbele, inayowaka kamera ikirekodi, kwa kipande cha utepe mweusi, maana taa ile huwatisha watu, na kidole chake hubonyeza kuanza kupiga hata siku ya hewa, kwa mazoea tu, ili mwili usisahau kazi.

Siku hiyo asubuhi walikuwa wamepiga picha za barabara na geti la kiwanda, kadi zote mbili zikiwa ndani. Mchana ukawa wa hewa na msimamizi. Mama Hewa akachomoa kadi ya ubavuni, akaitia mfukoni. Ile ya chini ikabaki.

Wafanyakazi walikuwa wametoka kwenda kula. Msimamizi alibaki kwenye meza ya kukatia, akikunja mashati ya buluu na kuyapanga, kola juu ya kola. Walizungumza habari za nyuzi zinazokatika, za sindano mbovu, za watoto wake wanaomwita babu kwa ajili ya mvi. Mara akaacha kukunja.

"Dada, leo si hewa?"

"Hewa tupu," akasema, akamfungulia kijimlango cha ubavuni.

Msimamizi akachungulia ndani kwa muda, kama mtu anayetazama kisimani. Kisha akarudi kwenye mashati yake, akaokota moja, akalikunja vizuri kabisa.

"Ufunguo nilikuwa nao mimi," akasema.

Akaeleza bila kuinua sauti. Mashati yalikuwa yakiibwa, yakipitishwa mlango wa nyuma, na mwenye kiwanda alimtolea maneno makali. Asubuhi ile ya moto alimwomba yule binti ufunguo, akaufunga mlango mwenyewe, akautia mfukoni, akaenda mbele kupokea gari la vitambaa. Moto ulipowaka alikuwa getini. Alikimbia kuzunguka jengo, akafika, akawasikia ndani. Mkono wake uliingia mfukoni, na moshi ukatoka chini ya mlango, naye akarudi nyuma. Hakusogea tena. Ufunguo aliutupa baadaye kwenye mtaro. Yule binti, alisema, alimpa ufunguo huku akimtania kwamba sasa amepanda cheo, amekuwa bawabu.

Mama Hewa alishika kamera mpaka watu wakarudi kutoka kula, na vyerehani vikaanza kulia.

Aliyagundua asubuhi ya kesho yake, nyumbani, alipofungua kifuniko ili abadilishe betri. Kadi ilikuwa imekaa pale. Akaitia kwenye kompyuta akiomba isiwe, akaona barabara, akaona geti, akaona mashati ya buluu. Sauti ilikuwa safi. Picha, Mungu amsamehe, ilikuwa nzuri kuliko zote alizopata kupiga: dirisha upande mmoja, uso nusu gizani, mikono ikikunja shati huku mdomo ukisema yale. Moyo ulimdunda, na tuseme kweli, sehemu ya mdundo huo ilikuwa ya furaha. Aliipiga mwenyewe. Kisha akamkumbuka mama wa dirishani, akaona haya. Kisha akakumbuka sharti lake, na hapo maji yakamfika shingoni.

Njia mbili zilikuwa wazi na zote zilimchoma. Akiitoa picha, binti aliyeungua anasafishwa jina, mama anarudishiwa mtaa wake. Lakini mtu alichungulia akaonyeshwa tumbo tupu, akasema kwa sababu ya tumbo tupu lile. Akiifuta, neno lake linabaki zima, na uongo nao unabaki mzima. Akamwendea mama yake mzazi, aliyekuwa akichambua mchele kwenye sinia, akamwuliza kwa kuzunguka, kama vile ni habari ya mtu mwingine. Mama hakuinua macho. Aliuliza kama huyo mtu mwingine aliahidi. Akajibiwa aliahidi. Mama akapuliza makapi, akasema basi anauliza nini tena.

Nami simlaumu yule bibi. Alijibu swali aliloulizwa.

Mama Hewa alikata shauri la katikati, na mashauri ya katikati ndiyo yaliyomponza maisha yake yote. Alimwendea msimamizi nyumbani kwake, akamkuta akilipiga brashi koti la shule la mwanawe, akamweleza kila kitu: nafasi mbili, kadi ya chini, kosa lake. Rangi ilimtoka yule bwana. Alikaa kwenye kizingiti, koti mapajani. Hakutisha, hakutukana. Alisema jambo ambalo Mama Hewa hakulitegemea.

"Nifutie hiyo, dada. Halafu nipe siku ya kadi. Nitasema mwenyewe. Nitakuwa nimevaa vizuri, nimekaa, naulizwa najibu. Nikisema hivyo nitakuwa nimesema mimi. Hiyo uliyonayo utakuwa umeniibia."

Haki ya Mungu, ungesikia sauti yake nawe ungeamini. Mama Hewa aliamini kwa sababu aliona ukweli mtupu usoni mwake, na huenda kweli ulikuwepo, saa ile, pale kizingitini. Aliona pia kwamba hapo vyote vinapona: neno lake, jina la binti, hata roho ya huyu mtu. Akaitoa kadi, akaitia kwenye kamera mbele yake, akafuta. Kioo cha kamera kikamwuliza kama ana uhakika. Akabonyeza ndiyo. Msimamizi alimshika mikono yote miwili, akamshukuru kwa heshima ya mtu aliyeokolewa.

Siku ya kadi alikuja na shati jeupe lililopigwa pasi na hakuweka kalamu sikioni. Walimkalisha karibu na dirisha la ofisi ndogo ya kiwanda. Fundi sauti akambana maikrofoni kwenye kola. Mama Hewa akamwonyesha kadi, akaitia, naye akaitikia kwa kichwa. Chapchap, ambaye hakujua lolote, aliuliza maswali ya kuzunguka, kisha akafika.

"Siku ile ufunguo wa mlango wa nyuma alikuwa nao nani?"

Msimamizi akainamisha macho, akapapasa sikio lisilo na kalamu. Nyuma ya kamera Mama Hewa akamwombea kimoyomoyo. Yule bwana akainua macho, akayaelekeza kwenye lenzi yenyewe, kwake hasa.

"Alikuwa nao yeye," akasema, "kama siku zote. Alikuwa binti mwaminifu sana. Nadhani alisahau. Mimi simlaumu, na mama yake hatakiwi kulaumiwa."

Chozi likamtoka, la kweli, halikuwa la kuigiza. Na hapa ndipo palipomtesa Mama Hewa kuliko penginepo. Mikono yake ilifanya kazi. Kichwa kilikuwa kimeganda, lakini mkono wa kushoto ulizungusha lenzi taratibu, ukasogea karibu, ukalipata lile chozi likiwa katikati ya shavu, wazi, bila kutikisika. Alimpiga picha mwongo akiwa mzuri kama mtakatifu. Alipozima kamera, msimamizi alipita pembeni yake akiangalia sakafu, akamwambia polepole kwamba ana watoto.

Alimwambia Chapchap jioni hiyohiyo, ndani ya gari. Alisema mtu yule amedanganya. Chapchap akamwuliza amejuaje, naye akasema anajua. Akaulizwa kama ana picha, akasema hana. Alimweleza mengine kwa shida, vipande vipande, mpaka Chapchap akasimamisha gari. Alimtazama kwa muda mrefu bila kusema chapchap wala neno lingine. Mwishowe alisema kwamba yeye si hakimu, hawezi kutia kwenye filamu kitu ambacho hakipo, na mwenye kiwanda ana mawakili. Alichonacho ni mtu anayelia na kumtetea mama aliyefiwa, na hicho atakitumia. Mama Hewa alimwomba akiondoe. Chapchap akajibu kwamba ndicho kiini cha filamu.

Kwa hiyo kikabaki kiini. Mhariri alikiweka karibu na mwisho.

Filamu ilionyeshwa kwa mara ya kwanza katika ukumbi wa shule ya mtaa huohuo, mchana, madirisha yamezibwa kwa majora ya kitambaa kilekile cha buluu. Wafiwa walikaa mbele. Mama wa dirishani alikuja, akakaa nyuma karibu na mlango, na safari hii hakuna aliyemtumia mjumbe. Uso wa msimamizi ulipojaa ukutani, ukumbi mzima ulilia. Mama Hewa alisimama kando ya projekta akiwatazama wakilia kwa kazi ya mikono yake. Taa zilipowashwa, mzee mmoja aliyempoteza mkewe alikwenda mpaka kule nyuma, akampa mama wa binti mkono, akasema yamekwisha, mwanao alisahau tu, kila mtu husahau. Wengine wakafuata mmoja mmoja. Walimsamehe. Walimsamehe mwanawe kwa kosa ambalo hakulifanya, na mama yule akapokea mkono baada ya mkono, akiitikia asante, huku uso wake ukizidi kuzama.

Msimamizi alikuwa wa mwisho. Alimkumbatia. Mama akamwacha amkumbatie, mikono yake mwenyewe ikining'inia.

Mama Hewa hakulala vizuri, hakula vizuri, akawa mkali kwa mama yake bila sababu. Watu wa filamu walimpigia simu kumpongeza kwa ile picha ya chozi. Mmoja alimwuliza alitumia lenzi gani. Siku aliyoulizwa hivyo alichukua kamera yake mwenyewe, ya zamani, akaenda kwa mama wa dirishani bila kumwambia mtu.

Dukani walikuwepo wateja. Alisubiri mpaka wakaondoka na sabuni zao. Mama alimkaribisha ndani, chumba kidogo chenye kochi lililofunikwa vitambaa vya kufuma, meza, kiti kimoja cha mbao, na mlango ulioingia dukani. Alimpa maji, akamkalisha kwenye kochi, mwenyewe akakaa kwenye kiti. Alisema wateja wamerudi, Mungu mkubwa, ila kila anayenunua anamwambia amemsamehe mwanawe, na yeye humrudishia chenji.

"Wewe ulimtazama yule msimamizi kwa karibu kuliko sisi sote," mama akasema. "Ulikaa naye. Nataka uniambie kama unaamini mwanangu alifunga."

"Hakufunga, mama."

"Unaamini, au unajua?"

"Najua. Aliniambia mwenyewe. Ufunguo alikuwa nao yeye."

Akamweleza yote, na safari hii hakuzunguka: hewa, kadi ya chini, mashati, kizingiti, mpaka kile kioo kilichomwuliza kama ana uhakika. Mama wa binti alisikiliza bila kumkatiza. Mteja alibisha dirishani, akabisha tena, akachoka akaenda zake. Yalipokwisha, mama aliinuka, akaingia dukani, akashusha lile dirisha na kulifunga kwa komeo. Aliporudi alikaa kwenye kochi, si kwenye kiti.

"Alimtania?" akauliza. "Mwanangu, alipompa ufunguo. Alicheka?"

"Alisema alimwita bawabu."

Mama akacheka kidogo, akajifuta uso kwa upindo wa kanga, akaendelea kujifuta hata ulipokwisha kukauka. Mama Hewa alisubiri laana, akaona heri ije mapema. Haikuja.

"Hiyo kamera inafanya kazi?" mama akauliza.

"Inafanya."

"Basi nenda wewe ukae kwenye kile kiti."

Mama Hewa alielewa mara moja anachoombwa. Kusema hadharani jambo la siku ya hewa kungekuwa mwisho wake. Nani angemfungulia mlango tena, nani angekubali kuchungulia kile kijimlango na kumwamini. Msimamizi angekana, mwenye kiwanda angemwita mzushi, na kazi pekee aliyowahi kuijua ingekwenda na maji. Alitaka kuyasema hayo. Alimtazama mama yule, aliyekuwa amekwisha kuivuta meza mbele ya kochi ili apate pa kuiweka kamera, akaona hakuna namna ya kuyasema.

Akamwonyesha pa kubonyeza. Akageuza kiti kielekee mwanga, kwa mazoea, akakaa. Hakujua pa kuiweka mikono. Lenzi ilikuwa kubwa kuliko alivyoidhania siku zote, nyeusi, haipepesi. Aliwahi kuwakalisha watu wangapi mahali hapa na kuwaambia watulie, waongee kama kawaida?

Mama akabonyeza, akasema inawaka.

Mama Hewa alianza. Alitaja jina lake kamili na kazi yake. Alisema kwamba msimamizi wa kiwanda alimwambia, siku fulani mchana, kwenye meza ya kukatia, kwamba yeye ndiye aliyeuchukua ufunguo kwa binti na kuufunga mlango wa nyuma. Alieleza habari za mashati yaliyoibwa, za gari la vitambaa, za mtaro. Kadiri alivyosema alijisikia mwepesi kidogo, karibu mtu mwema. Akasema mazungumzo hayo yalirekodiwa kwa bahati mbaya, lakini picha hiyo kwa sasa haipo tena. Kisha akamtazama mama ili azime.

Mama hakuzima. Alikuwa ameinama nyuma ya kamera, mikono juu ya meza, akimtazama yeye mwenyewe na si kile kioo.

"Umesema picha haipo," akasema. "Sema imekwenda wapi."